Ibn al-Haytham: Kutoka mteremko wa Mto Nile hadi safu za swala



Familia nyingi za visiwani zina mtoto, ndugu au shemeji aliyehamia Mwanza kwa kazi au biashara. Maji anayoyaona huko kila asubuhi, ya Ziwa Victoria ambalo wenyeji huliita Nyanza, hayaishii hapo. Hutoka upande wa kaskazini, Jinja nchini Uganda, yakateremka zaidi ya kilomita 5,000 mpaka Misri, na huko yakaingia Bahari ya Mediterania. Miaka elfu moja iliyopita mwanachuoni mmoja wa Kiislamu alidhani anaweza kuyatawala maji ya mto huo, akashindwa, na kushindwa huko nusura kumtoe roho. Mtu huyo huyo aliandika juu ya mistari sambamba, juu ya mistari inayokatana kwa pembe mraba, na juu ya Qibla. Tunasimulia maisha yake kwa sababu elimu aliyoihangaikia inamgusa yule ndugu yetu wa Mwanza mara tano kila siku.

Jina lake kamili ni Abu Ali al-Hasan ibn al-Hasan ibn al-Haytham. Alizaliwa Basra, Iraq, karibu mwaka 354 H (965). Basra ya wakati huo haikuwa mbali na sisi kama inavyoonekana kwenye ramani. Majahazi ya Ghuba yalikuwa yakija na upepo wa kaskazi mpaka pwani yetu. Al-Mas'udi, mwanahistoria aliyefariki miaka michache kabla Ibn al-Haytham hajazaliwa, alisafiri mpaka kisiwa cha Qanbalu, na watafiti wengi wanaona kuwa Qanbalu ndiyo Pemba ya leo. Kwa hiyo kijana aliyekulia Basra alikulia katika mji ambao mabaharia wake walijua habari za nchi ya Zanj.

Alisoma elimu za dini na elimu za Wayunani waliokuwa wamefasiriwa kwa Kiarabu: Euclid katika jiometri, Batlamyus katika falaki. Katika maandishi yake mwenyewe kuhusu maisha yake alieleza kuwa tangu ujana alichoshwa na mabishano ya makundi, kila moja likidai haki liko nalo peke yake, akaamua kutafuta njia ambayo hoja yake inaweza kuoneshwa na kuhakikishwa. Hisabati aliishughulikia maisha yake yote.

Sasa tuje Misri. Mtawala wake alikuwa al-Hakim wa dola ya Fatimiyya, mtu mwenye kupenda elimu ya nyota na mwenye kuogopwa kwa ukali wake usiotabirika. Ibn al-Qifti, aliyeandika wasifu wa wanafalaki na matabibu takriban miaka 200 baadaye, anasimulia kuwa Ibn al-Haytham alikuwa amesema huko Iraq kwamba lau angekuwa Misri angeufanyia Mto Nile jambo la kuwanufaisha watu, ukiwa umejaa na ukiwa umepungua. Alikuwa amesikia kuwa mto huo unashuka kutoka mahali pa juu mwisho wa nchi ya Misri. Habari zikamfikia al-Hakim. Akamwita, akatoka mwenyewe kwenda kumpokea nje ya mji wa Cairo, akampa mafundi na watu wa kazi, akamwambia aende.

Msafara ukapanda mto kuelekea kusini. Njiani Ibn al-Haytham aliyaona majengo ya watu wa kale, makubwa, yaliyonyooka, vipimo vyake vimetimia. Hapo moyo ukaanza kumcheza. Watu waliojenga vile hawakukosa akili wala mafundi. Kama kuufunga mto huu kungewezekana kwa zana walizonazo wanadamu, wangeshaufunga wao. Akaendelea mpaka al-Janadil, maporomoko yaliyo kusini ya Aswan, akapima na kuchunguza kingo zote mbili. Hakuyaona aliyoyatarajia.

Ni nini hasa kilichomshinda? Jibu moja ni mteremko. Mteremko si neno gumu: ni kuhesabu umeshuka kiasi gani kwa kila masafa uliyokwenda. Ziwa Victoria liko mita 1,134 juu ya usawa wa bahari. Yagawe hayo kwa safari nzima ya mto na utapata kama sentimita 20 kwa kila kilomita. Lakini wastani huo unaficha mengi. Kati ya Ziwa Kyoga na Ziwa Albert mto huporomoka, na katika maporomoko ya Murchison hupenya kwenye ufa mwembamba wa mawe na kuanguka mita 43 kwa mara moja. Ukifika Sudan Kusini unakuwa kama umelala usingizi: kutoka Juba mpaka Khartoum haushuki hata mita 100, na masafa hayo yanazidi kilomita 1,500. Kisha kutoka Aswan mpaka baharini, karibu kilomita 1,200, unashuka chini ya sentimita 10 kwa kilomita. Aliyesikia Iraq kwamba mto unashuka kutoka mahali pa juu alikuwa amesikia kweli. Ila hakuwa ameambiwa unashuka kwa kasi gani, na wapi.

Isitoshe, mafuriko yenyewe aliyotaka kuyadhibiti hayakutoka Nyanza. Sehemu kubwa ya maji ya mafuriko ya Misri hutoka milima ya Ethiopia kwa njia ya Nile ya Buluu. Maji ya ziwa letu ndiyo yanayoufanya mto usikauke wakati wa ukame. Mlango wa Aswan ulikuwa ukipokea nguvu za mito miwili, na mmoja wao ukija kwa hasira kila mwaka. Bwawa la kwanza la Aswan lilikamilika mwaka 1902, na lile kubwa mwaka 1970, lenye urefu unaokaribia kilomita 4 na kimo cha mita 111. Si kazi ya nyundo na ngamia.

Akarudi Cairo kwa aibu na kuomba radhi. Al-Hakim akaonesha kumkubalia, akampa kazi serikalini. Ibn al-Haytham akaifanya kazi hiyo kwa hofu, kwani alijua mtawala yule angeweza kumwua mtu kwa sababu ndogo au bila sababu. Mwishowe akajifanya amepatwa na wazimu. Mali yake ikawekwa chini ya msimamizi, naye akafungiwa nyumbani. Alikaa hivyo mpaka al-Hakim alipotoweka mwaka 411 H (1021). Kuna watakaomlaumu kwa hila hiyo. Sisi tunaona mtu aliyekiri mbele ya mfalme kuwa kazi haiwezekani, badala ya kula fedha za umma miaka na miaka akijenga kitu anachojua kitabomoka, alikwisha lipa gharama ya ukweli. Lililobaki lilikuwa kuokoa roho.

Baada ya hapo akatoka, akakaa kwenye kijumba karibu na mlango wa msikiti wa al-Azhar. Kwa kuishi alinakili vitabu kwa mkono. Ibn al-Qifti anataja kuwa kila mwaka alinakili kitabu cha Euclid, vile vitabu vya kati vinavyosomwa baada yake, na Almagest ya Batlamyus, akaviuza kwa dinari 150 za Kimisri, na hizo zikamtosha kwa mwaka mzima. Hakupandisha bei wala hakuipunguza.

Mtu akinakili Euclid kila mwaka, kila mwaka anapita juu ya jiwe lile lile lenye kuyumba. Jiwe hilo ni kanuni ya mistari sambamba. Euclid alitaka tukubali bila ushahidi jambo moja kuhusu mistari miwili inayokatwa na mstari wa tatu: kwamba ikiwa pembe mbili za ndani za upande mmoja hazifikii jumla ya pembe mraba mbili, basi mistari hiyo, ikirefushwa, itakutana upande huo. Wengi hawakuridhika kulikubali hivi hivi. Ibn al-Haytham akajaribu kulithibitisha. Alisema, kwa maneno yetu: chukua mstari ulionyooka chini, simamisha juu yake mti wa kimo kimoja kwa pembe mraba, kisha uusogeze mti huo mbele bila kuuinamisha. Ncha yake ya juu itachora mstari wa pili, nao utakuwa sambamba na wa chini, kwa sababu umbali kati yao haubadiliki. Pia akaangalia umbo la pande nne lenye pembe mraba tatu, akauliza ya nne itakuwaje.

Umar Khayyam, aliyekuja baada yake, alimpinga kwa kuingiza mwendo katika jiometri. Pingamizi lake lilikuwa na nguvu, na karne ya 19 ikabainika kuwa kanuni ile haithibitiki kutokana na nyingine hata ungejaribu vipi. Lakini fundi uashi yeyote anafanya alichokieleza Ibn al-Haytham. Anapotaka mstari wa pili wa matofali uende sambamba na wa kwanza, hupima kutoka ule wa kwanza kwa pembe mraba, huku na huku, kipimo kile kile, kisha huvuta uzi.

Na hapa ndipo tunapofika kwenye safu za swala, maana safu si chochote ila mistari sambamba, na kila mmoja wao hukata mstari wa Qibla kwa pembe mraba.

Ibn al-Haytham aliandika risala kuhusu kuutoa upande wa Qibla kwa hesabu, pale mtu anapojua mji wake uko wapi na Makka iko wapi. Kwa hesabu ya aina hiyo tunapata haya. Aliyeko Unguja mjini Qibla chake ni kaskazini karibu kamili, kimeinama mashariki digrii 1 na kidogo tu. Ndiyo maana wengi wetu tumekua tukijua kuwa Qibla ni kaskazini, na kwa nyumbani kwetu tuko sawa. Lakini Mwanza iko mbali sana magharibi. Huko Qibla kimeinama kutoka kaskazini kuelekea mashariki kwa digrii 15 na nusu hivi. Mwenye kuhama Unguja akaenda na mazoea yake, akatafuta kaskazini kwenye simu na kuielekea sawasawa, mstari wake utapita Sudan kaskazini, zaidi ya kilomita 700 magharibi ya Makka, ng'ambo ya pili ya Bahari ya Shamu.

Katika madhehebu ya Imam Shafi, yanayofuatwa na wengi visiwani, kauli mashuhuri ni kuikusudia Kaaba yenyewe kwa kadiri ya ujuzi wa mtu, na katika madhehebu mengine upande wake unamtosha aliye mbali. Mwenye swali kuhusu swala alizokwisha kuziswali amwendee sheikh wake. Sisi hapa tunazungumzia kupima, kwa sababu aliyepewa njia ya kujua hana haja ya kubahatisha.

Na Mwanza inahitaji kupimwa. Ni mji wa majabali. Nyumba zimekaa kama jiwe lilivyoruhusu, na barabara zinazunguka vilima. Ukuta wa chumba cha kupanga, au wa duka lililogeuzwa mahali pa kuswalia, hauambii kitu kuhusu Qibla. Zulia lililotandikwa kufuata ukuta linafuata ukuta tu.

Fanya hivi. Chukua karatasi uwe kama unachora ramani ya chumba: kaskazini juu, mashariki kulia. Mstari wowote kwenye karatasi hiyo una mteremko, kama kilima, kwa kuhesabu umepanda au kushuka kiasi gani kwa kila hatua ya kwenda kulia. Mstari wa Qibla wa Mwanza hupanda kaskazini 3.6 kwa kila 1 ya kwenda mashariki. Basi mteremko wake ni 3.6. Kwa safu, geuza hesabu juu chini na ubadilishe mwelekeo: nenda mashariki mita 3.6, kisha kusini mita 1. Unganisha nukta ya kuanzia na ya kumalizia kwa uzi, hiyo ndiyo safu yako. Mteremko wake ni 1 kwa 3.6, na kwa kuwa unashuka unaandikwa kwa alama ya kutoa. Ukizidisha mteremko wa Qibla kwa mteremko wa safu utapata kutoa 1. Watoto wetu wanaifundishwa kanuni hii sekondari na wengi huikariri bila kujua ni ya nini: mistari miwili iliyoinama ikizidishwa miteremko yake ikatoa kutoa 1, inakatana kwa pembe mraba. Wanaoanza kuihofia hisabati waoneshwe kwenye zulia.

Safu ya pili, ya tatu na ya kumi zote lazima ziwe na mteremko ule ule. Hiyo ndiyo maana ya sambamba. Kosa dogo hapa halibaki dogo. Tuseme safu ya mbele imewekwa kwa kushuka 1 kwa 3.6, na ya nyuma kwa makadirio imewekwa 1 kwa 4. Katika msikiti wenye upana wa mita 18 kutoka magharibi hadi mashariki, ya kwanza itakuwa imeshuka mita 5 na ya pili mita 4 na nusu. Zimekaribiana kwa nusu mita mwishoni. Mtu wa nyuma atasujudu kwenye visigino vya wa mbele, na tunajua mafundisho ya Mtume (Swalla Allahu alayhi wasallam) juu ya kunyoosha safu.

Ieleweke pia kwamba Ibn al-Haytham hakuandika miteremko kwa namba namna hii. Kuchora mistari kwa hesabu ya kulia na juu kulikuja Ulaya kwa Descartes mwaka 1637. Lakini wanafalaki wa Kiislamu walikuwa na kitu kile kile kwa jina la kivuli. Walilinganisha kimo cha mti na urefu wa kivuli chake, na uwiano huo ndio mteremko wa mwanga wa jua. Bibi zetu waliijua alasiri kwa njia hiyo, kivuli kinapozidi kile cha adhuhuri kwa kimo cha kitu chenyewe, bila ya kuhitaji karatasi.

Na kivuli ndicho kinachoweza kuthibitisha yote tuliyoyasema bila hesabu yoyote. Mara mbili kwa mwaka jua husimama juu ya Kaaba kabisa: tarehe 27 au 28 Mei saa 6 na dakika 18 mchana, na tarehe 15 au 16 Julai saa 6 na dakika 27 mchana. Saa za Makka na za kwetu ni moja, kwa hivyo hakuna cha kubadilisha. Dakika hiyo simamisha mti wa mita 1, uhakikishe kwa timazi kuwa umesimama wima. Mwanza kivuli kitakuwa kama sentimita 46, Unguja kama sentimita 52. Kutoka ncha ya kivuli kuja kwenye mti ndiko Qibla. Timazi isipokuwepo, jiwe lililofungwa kwenye uzi latosha.

Jambo moja zaidi huwashangaza wengi. Safu za Mwanza na safu za Unguja si sambamba, ingawa zote ni sahihi. Hata mistari ya kaskazini ya miji hiyo miwili, ambayo yote hukata ikweta kwa pembe mraba, si sambamba milele. Itakutana ncha ya dunia. Juu ya sakafu ya msikiti kanuni ya Euclid inafanya kazi bila wasiwasi. Juu ya dunia nzima, iliyo duara, haifanyi. Lile jiwe lililoyumba chini ya kalamu ya Ibn al-Haytham lilikuwa na sababu ya kuyumba.

Kitabu chake kikubwa kuliko vyote ni Kitab al-Manazir, juzuu saba kuhusu mwanga na kuona. Wengine kabla yake walishikilia kuwa jicho hutoa miali inayokwenda kugusa vitu. Yeye alionesha kuwa mwanga hutoka kwenye vitu ukaja machoni, kwa mistari iliyonyooka, na akaipa nafasi ya pekee ile miali inayofika kwenye jicho kwa pembe mraba. Alitumia chumba chenye giza na tundu dogo, akapima. Aliandika pia kitabu cha kumtilia shaka Batlamyus, yule yule ambaye kunakili kitabu chake kulimpa mkate. Hakuona kuwa kumheshimu mtu kunazuia kumsahihisha.

Alifariki Cairo karibu mwaka 430 H (1040). Miaka isiyozidi 70 baadaye, mwaka 500 H (1107), waashi wa Kizimkazi kusini mwa Unguja walichonga tarehe yao kwa hati ya Kufi katika msikiti ambao bado watu wanauswalia. Kitab al-Manazir kilifasiriwa kwa Kilatini, na mwaka 1572 kikachapishwa mjini Basel, ambako Wazungu walimwita mwandishi wake Alhazen. Kwa jina hilo wamelipa shimo moja la mwezini.